Mataruma

Usifute, nilimwambia Ndahani.
Tua hilo boksi, na hasira pia.
Vumbi la Nkuhungu linamwagika kwenye matundu yake
kama pumba mashineni.

Gemu linafunguka, akasema, ila wachezaji hawana nyuso.
Kweli. Kumi na mmoja huku, kumi na mmoja kule,
jezi safi, viatu vinang'aa,
na juu ya shingo, ukijivu mtupu.
Refa anapuliza filimbi, haisikiki.
Kisha skrini inaganda, inaomba radhi kwa Kiingereza,
na watoto sita waliokwisha kulipa mia tano tano
wanadai hela yao.

"Dada Sechelela, futa yote, tuanze upya."
Uanze upya na nini?
Gigabaiti arobaini na moja, kwa bando la usiku,
kwa mtandao huu unaokwenda kama ng'ombe aliyeshiba maji?
Tutafika Krismasi, Ndahani, na kadi za salamu.

Baba yangu alikuwa genge la reli, kati ya Igandu na Gulwe.
Mto ulipobeba njia, na uliibeba mwaka hata mwaka,
hakuna aliyeng'oa reli yote kutoka pwani hadi Kigoma.
Alitembea.
Nyundo begani, spana kiunoni,
akigonga, akisikiliza,
taruma kwa taruma:
hili zima, hili zima, hili limeoza, andika.
Jioni alirudi na tope hadi magotini
na karatasi yenye namba nne.
Behewa zote zile, abiria na kuku wao,
zilikuwa zinangoja namba nne.

Basi kwanza nalitafuta lilipo.
Humu mna diski mbili, na mdogo wako
(nakuona unavyocheka, Mlugu)
alihamisha folda apate nafasi ya muziki.
Alama iliyobaki juu ya skrini
inabisha hodi kwenye nyumba iliyohamwa.
Nalikuta ndani ya Mpya, ndani ya Mpya Mbili,
kando ya picha za kipaimara cha mtu.
Naielekeza programu: siku hizi wanaishi hapa.
Nabonyeza Kagua.

Asilimia moja.
Upepo wa Agosti unachezea bati.
Asilimia tisa. Jirani anawasha mota ya kusaga,
taa inafifia,
nazuia pumzi mpaka inyanyuke tena.
Asilimia arobaini, na hapo inakaa, inakaa,
watoto juu ya ndoo zilizopinduliwa
wanaihesabia kama wanaohesabia mtu wa kibaba.

Mafaili elfu kumi na nne, mia tatu na mawili.
Mabovu: matatu.

Matatu! Ndahani hajui acheke au atukane.

Mawili yaliharibika umeme ulipokatika Jumanne,
nusu maandishi, nusu hewa.
La tatu halikuwa limepotea.
Kinga-virusi ilililaza ndani bila kesi
kwa kuwa jina lake refu, kama namba ya chesisi,
na hakuna aliyelijua mtaani.
Nikalitolea dhamana.
Mengine mawili yakaja kwa simu yangu,
megabaiti tisini, simu ikapata moto mfukoni kama kiazi.

Nyuso zikarudi.
Si kwa pamoja; kwanza beki wa kushoto, 
kisha benchi, kisha watu jukwaani.
"Golikipa ana ndevu!" akapiga kelele mdogo kuliko wote,
kana kwamba mjomba wake ameshuka kwenye basi.

Shilingi ngapi?
Elfu tano.
Kwa mafaili matatu?
Hayo matatu ni bure. Lipia yale elfu kumi na nne
ambayo sikuyagusa.

Akatoa elfu tatu, mbili kesho.
Kesho ya Ndahani naijua.
Kabla hajalibeba boksi nililigonga ubavuni
kwa kifundo cha kidole, mara moja,
nikainamisha sikio.
Mazoea tu.