Hesabu za Hafdís

Hafdís ana miaka kumi na saba, na mkopo ni pacha wake:
wiki aliyozaliwa ndiyo tuliyotia saini,
Hallgrímur kwa kalamu ya benki, mimi kwa mkono
uliobaki, maana ule mwingine ulimbeba yeye.
Milioni ishirini za krona. Miaka arobaini.
Karani, tai yake ya kijani, akatukatia keki.
Kukopa harusi, wanasema,
na mie siku ile nilikuwa bibi harusi.

Usiku huu anafanya kazi ya shule mezani, jikoni.
Mwalimu kawaambia watafute mkopo wa kweli, wa nyumbani,
waufuate hadi mwisho wake.
Nikamletea boksi la viatu:
bahasha mia mbili na nne,
za mwanzo zimefunguliwa kwa kisu, vizuri,
za karibuni bado zimeziba midomo.

“Mama, mmekwisha lipa milioni ishirini na nane.”
Nafurahi kidogo. Nakoroga supu.
“Na mnadaiwa thelathini na tatu.”

Mwiko ukasimama.

Ananieleza polepole, kana kwamba mimi ndiye mtoto:
deni letu limefungwa kamba moja na bei za dukani.
Kahawa ikipanda, linapanda.
Petroli ikipanda, linapanda.
Tumbaku, ambayo humu hakuna aivutaye,
ilipoongezwa kodi tuliivuta sisi,
moshi wake umo ndani ya kuta hizi.
Na juu ya hicho kilichovimba
ndipo riba inapokunja miguu na kula.
Haba na haba hujaza kibaba;
sikuwahi kuuliza kibaba cha nani.

Hallgrímur anaingia, ndevu zina barafu,
tangu mchana yuko barabara ya bandarini na gari la theluji.
Anasoma karatasi wima, buti zikidondosha maji.
Kimya. Kisha:
“Kazi yangu ndiyo hii hii. Unafika mwisho wa barabara,
unageuza gari, ulikoanzia pameshakuwa peupe.”

“Lakini nyumba nayo imepanda bei,” nasema,
kwa sauti ya yule karani; nilikaribia kujishika tai.
“Imepanda,” Hafdís anakubali.
“Mkiiuza, mtanunua nyingine iliyopanda vilevile.
Au mmepanga kulala wapi?”

Anaendelea. Kalamu inakwaruza.
Mwaka wa thelathini. Wa thelathini na tano.
Wa arobaini, baba yake akiwa na sabini na sita.
Kama bei zitakwenda kwa mwendo uleule:
milioni mia moja na kumi na nne.
Bei ya nyumba tano na ushee, kwa kukaa katika moja
ambayo dirisha la chooni halijawahi kufunga.

Mimi ni mpishi wa shule. Milioni siioni.
Naona viazi. Naona asubuhi za Akureyri
ambazo giza lake ni lile lile la jana,
soksi mbilimbili, kisu cha kumenyea,
na mshahara unaopita mkononi
kama maji ya moto yanavyopita kwenye mabomba:
joto nalisikia, maji siyanywi.
Naona safari ya Kopenhagen na darasa lake,
tuliyomwambia “mwaka ujao” hadi darasa likaisha.
Meno mawili ya Hallgrímur.
Mtoto wa pili, ambaye hatukumzungumzia sana.

Hafdís anapiga mstari chini ya jibu, kwa rula.
“Mlijua?” anauliza. Hatulaumu. Anataka tu kuandika.

Tulisaini kila ukurasa, namwambia.
Tazama pale chini, herufi zangu zimepinda:
ulikuwa unalia,
nikataka tumalize upesi twende nyumbani.