Deni la Kuku

Usiku ule sikutoza kiingilio.
Niliweka ndoo ya rangi mlangoni, tupu,
nikawasha seti ile ile ya mpira,
Tandahimba ikajibana kwenye mabenchi yangu.

Saa kumi na mbili mfululizo, mubashara,
mpaka zitimie milioni mia mbili
za watoto wenye matundu ya moyo.
Na mmoja wao ni wetu: Somoe,
mjukuu wa Bi Nampoto wa nyuma ya maghala,
miaka saba, midomo ya mla zambarau
na zambarau hajala.

Wakamwonyesha analia.
Tarakimu zikapanda.
Wakaleta tangazo la sabuni, wakarudi,
wakamwonyesha analia.
Benki ikaahidi. Chama cha msingi kikaahidi
shilingi kumi kwa kila kilo ya korosho.
Mheshimiwa akasimama na hundi ndefu kama kitanda.

Mwenyewe alikaa mbele, juu ya kreti la soda,
akijitazama.
Mara ya sita akanigeukia:
"Mjomba, mbona hawamwonyeshi kuku?"

Kuku gani?

Ndipo nikakumbuka. Siku walipokuja na gari jeupe
dereva alirudi nyuma bila kutazama
akamponda kuku wake wa vifaranga tisa.
Mtoto akaangua kilio,
na mpiga picha, kwa kuwa ndiyo kazi yake,
akawasha.

Kwa ajili ya moyo hajawahi kulia.
Moyo wake anausimulia kama jirani mkorofi:
leo kagonga sana, jana kanuna.

Nikanyamaza. Ningesema nini, na hesabu inapanda?
Mlangoni muuza vitumbua alitia elfu mbili,
akaenda, akarudi, akatia na chenji.
Kwenye kioo, ahadi.
Kwenye ndoo, noti zenye jasho na mafuta.

Saa nane umeme ukakatika, kama ada yake.
Hakuna aliyeondoka.
Gizani tulisikia pumzi za Somoe tu, fupi fupi,
kama za mtu apandaye mlima wa Kitangari
na dumu la maji kichwani.

Wamesafiri Alhamisi, yeye na bibi yake,
kwa basi la alfajiri.
Vifaranga wanne waliobaki kanikabidhi mimi,
na mguu mmoja ukiwa tayari ngazini, akaniagiza:
"Lile gari likirudi, uwaambie.
Elfu kumi na tano.
Alikuwa anataga."