Tini ya Eukrito

Eukrito wa mizani, muuza ngano Athene,
Kaketi ngazi za chini, tini mkononi nne;
Barakoa jukwaani, ikamsuta mnene,
Akacheka: "Mwizi gani! Jirani na ajione!"

Mara jiwe la kupima, likatolewa kapuni,
Lina tundu huku nyuma, limejaa nta ndani;
Mtoto wake kasema: "Kama letu la nyumbani!"
Tini moja ikakwama, nusu njia ya kooni.

Leo mjini Larisa, Bi Vaia anacheka:
Kejeli za kale hasa, kurasa zimechanika;
Foleni ameisusa, mihuri imekauka.
Neno moja lamgusa, bahasha aifunika.

Eukrito, tini yako, haijapata kushuka.