Mlio wa Sindano Iliyochoka

Wanza, punguza hiyo redio kidogo.
Sikia.
Tik tik tik ndiyo sauti ya kazi,
ila hii inasema tak,
kama mgeni aliyetafuna jiwe ndani ya wali
na anaona haya kulitema mbele ya wenyeji.

Cherehani haina hatia. Usiipige kofi.
Usiongeze mafuta, usiulaumu uzi,
ingawa uzi wa dukani kwa Otwori nao una mambo yake.
Inua mguu, toa kitambaa, kigeuze:
hapa mshono umeruka, hapa umeshika,
hapa umeruka tena
kama mtoto anayehesabu ngazi na kuisahau ya saba.
Ni sindano.

Januari ile hukuwapo.
Foleni ya wazazi ilitoka hapa Soko la Uhuru
ikakaribia kugusa barabara ya Jogoo,
sare mia mbili ushei, kaki ngumu kama mlango,
na mimi ninapiga hesabu: sindano, shilingi kumi.
Kumi ni nusu chapati.
Sindano moja ikavuka Januari nzima,
ikaingia Februari bado imesimama,
nikajisifu. Nikaiita askari.

Ndipo akaja Kemuma na satini yake,
rangi ya maziwa yaliyodondoshewa chai,
mita sita, alizolipia kidogo kidogo miezi mitano.
Nikakanyaga.
Sikusikia kitu, redio ilikuwa juu.
Nilipoinua macho, uzi mmoja ulikuwa umevutwa
kutoka kiunoni hadi karibu na goti,
mstari mwembamba, unaong'aa,
kama njia ya konokono ukutani asubuhi.
Satini haisahau. Ukiipiga pasi, inakumbuka zaidi.

Hakulia. Aliketi kwenye hilo benchi
akapitisha kidole juu ya mstari, kwenda na kurudi.
"Hii inatoka?"
Nikasema tutaweka ua la lesi.
Tukaweka maua tisa.
Kanisani watu wakayasifu maua.
Mimi na yeye tukatazamana.

Kwa hiyo usiniulize kijitabu cha cherehani kinasemaje.
Wako wanaobadilisha kila baada ya saa nane za kushona,
wako wa kila nguo moja, wenye pesa zao.
Mimi nasema suruali mbili za jinzi
huimaliza kuliko blauzi ishirini.
Ikigonga pini, hata mara moja, toa, usibishane nayo.
Uzi ukianza kuota nywele karibu na tundu, toa.
Kitambaa kikikunja uso, na hujakikosea, toa.
Ukiwa na shaka, pitisha ncha juu ya ukucha, hivi, polepole:
ikikwaruza, imekwisha.
Au juu ya soksi hii ya nailoni,
ambayo haijavaliwa tangu mwaka ule, kazi yake ni hii tu,
ndiyo maana imejaa vidonda.

Haya, legeza skrubu.
Mpya: ubapa ukae mahali pake,
sukuma hadi juu kabisa, ndipo ukaze.
Kumi na moja kwa vitu laini, kumi na nne kwa pamba,
kumi na nane kwa wale wanaoleta turubai
na kusema ni koti.

Ya zamani usiiangushe sakafuni,
mtoto wa Achola hutambaa hapa mchana.
Tia kwenye kopo la rangi ya viatu, lile la rafuni.
Moja nimeitoa humo, inashikilia kalenda.
Nyingine alinitolea mwiba Achola mwenyewe.
Na ile ya Kemuma imo, siijui tena ni ipi,
zote zina sura moja.
Tikisa kopo.
Unasikia? Tik, tik, tik,
hakuna hata moja inayolia vibaya humo ndani.

Sasa washa redio.
Lakini chini.