Kipandio cha Tatu

Viatu tumevivua, tumevitia katika mifuko ya plastiki,
na Fumie, mwenye kipaza sauti kinachokwaruza,
anatueleza: jumba liliungua, Shikoku nzima ikanusa moshi,
likajengwa upya kwa picha kumi na nne
na kumbukumbu za seremala mmoja.

Mbao bado zinanukia msitu.
Tunainama, tunapita chini ya jukwaa,
pale wanaume wanne walipolizungusha kwa mabega
ili juu, mbele za watu, usiku ugeuke asubuhi.
Mtoto anasukuma nguzo. Haijongei.
"Mpaka siku ya maonyesho," Fumie anamwambia.

Kisha ngazi ya kwendea roshani,
na Bi Sugako, aliyekuwa kimya tangu getini,
anasimama. Anakanyaga kipandio cha tatu. Anarudia.
"Hiki kilikuwa kikilia."
Miaka tisa alipanda hapa na birika la chai,
akikiruka kila mwigizaji aliponong'ona.

Fumie anapekua faili lake, anaomba radhi:
picha hazikuhifadhi sauti.
Basi bibi anafumba macho, anabana midomo:
kwiii,
mwishoni ikipanda kidogo, kama swali.
Tunacheka. Yeye hacheki.
Anainua mguu juu, anakiruka.

Nje, nikihangaika na kamba za viatu,
nasikia kundi jingine likianza kupanda,
na sauti ya Fumie, safari hii bila kipaza,
ikijaribu: kwii.
Hapana.
Kwiii.