Paipu ya Chini

Paipu ya juu inaunguza. Ya chini, baridi
kama mkono wa mgeni aliyenyeshewa.
Feni inazunguka, rejeta haivuji:
basi ni wewe, thamostati,
uliyetuchemsha jana pale Riat.

Spana ya kumi, bolti mbili.
Nakutosa ndani ya sufuria ya chai.
Maji yanatokota; mdomo umeufumba
kama shahidi aliyehongwa.
Mpya, ya duka la Ogola, inafunguka polepole.

"Sufuria yangu!" Akeyo yuko mlangoni.

Fundi wa Mamboleo alisema itoe, itupe, gari litaenda tu.
Litaenda, likitetemeka kila alfajiri.
Sitaki.

Saa mbili usiku nashika paipu ya chini.
Vuguvugu.
Naendelea kuishika mpaka inanifukuza.