Milango Sita

Faili linanuka vumbi na mkojo wa panya.
Nalifungua taratibu, mjomba akichungulia begani.

"Kilimatinde, mwezi wa saba. Tembe ya Ndahani:
milango sita, basi nyumba sita, rupia kumi na nane.
Paa bovu. Mwenyeji mkaidi, anacheka ovyo."

Ovyo! Mjomba anajipiga goti.
Hakuandika kwamba alipanda juu kuhesabu,
na viatu vyake vya misumari,
akapita kati ya mabuyu yaliyoanikwa,
udongo ukamwachia,
akadondokea chumbani kwa Mbeleje aliyekuwa akisaga uwele.
Unga hadi kwenye masharubu.
Mbeleje hakupiga kelele. Alimpa maji,
akamwuliza kwa Kigogo kama huko kwao
wageni huingilia darini.
Mkalimani, mtu wa Pangani, akatafsiri: "Anakusalimu."

Kwetu tembe ni moja. Ua mmoja, zizi moja.
Mlango ni adabu tu, kila mke na wake.
Kumi na nane zile zilitoka kwa fahali wawili na mtamba.

Mwaka uliofuata wanawake walikanda udongo usiku,
wakaziba milango mitano,
wakatoboa kuta kwa ndani,
wakawa wanapita wameinama kama wana-mbuzi.

"Mlango mmoja," faili linasema.
"Wenyeji wanapungua kwa kasi. Huenda ni uvivu,
huenda damu yao ni dhaifu.
Nashauri eneo hili lihesabiwe kuwa ardhi tupu."

Tunacheka mpaka mtunza nyaraka anakohoa.
Tupu! Na ndani, kwa hesabu ya mjomba,
watu thelathini na mmoja walikuwa wamebana pumzi.

Kisha kurasa nne nyeupe.
Kisha mwandiko mwingine, wino mwingine, bendera nyingine:
"Tembe ya Ndahani. Mlango mmoja. Mtu mzima mmoja. Kodi imefutwa."

Mjomba hacheki.
Huo ni mwaka baada ya Mtunya,
askari wa bendera zote mbili walipokwisha kuswaga ng'ombe
na kufagia vihenge hadi mchanga,
Mbeleje akachemsha ngozi ya kulalia,
mtoto mmoja mgongoni.
Ile milango mitano haikuwa na wa kuizibua.

"Hapa," anasema, kidole juu ya ile moja,
"hapa ndipo walipoandika kweli."

Anaomba nimsomee tena.
Namsomea tena.